Nukta, Aya Mpya

Mimi ndiye niliyekuwa upande wa pili wa waya.
Jumanne, saa kumi na moja jioni, Birmingham,
vidole juu ya taipureta, simu imebanwa begani,
nikingoja sarafu ziporomoke katika kibanda fulani cha Wales
na sauti ya Idwal Prosser ije na mvua yake:
"Enid, uko tayari? Andika.
Gari hili lina uso wa askofu na moyo wa karani. Nukta.
Aya mpya."

Miaka thelathini na mmoja.
Sijui kuendesha hata baiskeli,
lakini klachi nzito naijua kwa pumzi ya mtu aliyeshuka nayo mlimani,
na breki zilizochemka nazijua
kwa jinsi anavyochelewa kulitaja jina la kiwanda.

Wenzake walipelekwa Nice kwa ndege,
wakalishwa chaza, wakapewa kalamu za fedha,
wakarudi na sifa zilizokwisha kupigwa pasi.
Yeye aliomba funguo, tangi lililojaa,
na siku nne kwenye barabara ya kwenda Bala
ambako kondoo hulala katikati ya lami kama wenye hati.
Sakafuni, upande wa abiria, aliweka kikombe cha chai
kilichojaa hadi ukingoni. Iliyomwagika aliipima kwa kitambaa.
Buti alilipima kwa sanduku la kodiani la mkewe, Nesta:
likiingia, familia itaingia;
lisipoingia, "Gari la wajane na wanasheria. Nukta."

Hakulipaka gari mafuta kwa mgongo wa chupa.
Mwaka wa sitini na nane lilitoka lile la Coventry,
kurasa mbili za tangazo, rangi ya haradali,
msichana ameketi juu ya boneti.
Gethin, mdogo wake, ndiye aliyekuwa akifunga milango kiwandani,
mia na arobaini kwa zamu.
Idwal alipiga kutoka Llangollen. Sauti kavu.
"Mlango wa kushoto unaingiza maji. Nukta.
Wa kulia unaingiza maji, mkato, na upepo. Nukta."
Nikauliza, niandike hivyo hivyo?
Sarafu nyingine ikadondoka.
"Kizuri chajiuza, Enid. Hiki kimekuja na tarumbeta. Andika."

Wiki hiyo matangazo sita yaliondolewa.
Mhariri alipita mezani kwangu mara tatu bila kusema neno.
Gethin hakuja Krismasi, wala ile iliyofuata.
Ya tatu alikuja, akatoa mfukoni kipande cha mpira wa mlango,
kipya, kinene, chenye midomo miwili,
akakiweka kando ya sahani ya kaka yake.
Wakala bata. Haya alinisimulia Nesta;
Idwal aliniambia tu kwamba viazi viliungua.

Macho yalianza kumwacha akiwa na miaka sitini na miwili.
Nilijua kabla ya daktari:
rangi zilitoweka katika makala yake,
kisha vibao vya barabarani,
kisha kondoo.
Zikabaki sauti, harufu ya ngozi ya viti,
mtetemo wa usukani viganjani.
Wasomaji walituandikia kwamba hajapata kuandika vizuri hivi.
Sikumwambia mtu. Hilo bado limenikaa kooni:
yeye alikuwa akiendesha, na mimi nilikuwa nikipiga taipu.

Siku aliyoirudisha leseni
aliipeleka posta mwenyewe, kwa miguu.

Simu ya mwisho ilitoka hospitali, Wrexham.
Hapakuwa na mlio wa sarafu.
"Enid. Ambulensi. Springi za nyuma ngumu. Nukta.
Dereva kijana, mkato, anabadilisha gia
kama anayemfunga mtoto vifungo vya shati. Nukta.
Kona ya Ruabon aliingia mapema mno. Nukta."

Nikangoja.
Toroli likapita, mtu akacheka mbali.
Nikaizungusha silinda ya taipureta, mstari mmoja, miwili,
nikaacha pembeni nafasi ya kidole,
kama ifanywavyo.